Chainizi na Majiko Yaliyofungwa: Historia ya Kujifunza Kupika Chini ya Mlima Meru

Katika soko la Tengeru, siku za Jumatano na Jumamosi, mafungu ya chainizi hupangwa kando ya mchicha, mnafu na figiri kana kwamba yote yamezaliwa udongo mmoja. Mboga hii imezoeleka mno Arusha kiasi kwamba hakuna anayeiona kuwa ya ugenini. Ikifika nyumbani hupikwa kama ndugu zake: kitunguu kwenye mafuta, nyanya, majani yaliyokatwakatwa, mfuniko juu, moto wa taratibu mpaka yalainike, kisha ugali. Ni chakula kizuri. Lakini Mchina akionja hataona chochote cha kwao ndani yake zaidi ya jani. Moto mkali, mafuta yanayokaribia kutoa moshi, tangawizi na vitunguu saumu vinavyotangulia kwa nukta chache, jani linalotolewa likiwa bado linakatika kwa meno: hayo yote hayakuja. Hapa pana swali la historia. Arusha ni mji uliojifunza kupika chakula cha karibu kila aliyepita. Umejifunza cha Wachaga, cha Wahindi, cha Wazungu. Kwa nini basi, baada ya zaidi ya nusu karne ya urafiki wa Tanzania na China, ulipokea mboga ya Kichina na usipokee mapishi yake? Jibu langu ni kwamba mbegu husafiri peke yake, lakini mapishi huhama pale tu mtu anapokaa muda mrefu katika jiko la mwenzake, na Wachina waliokuja kwetu kwa miongo mingi walikuja na majiko yaliyofungwa.

Ushahidi wa kwanza ni wa kale kuliko mji wenyewe. Wameru, ambao lugha yao inakaribiana sana na Kimachame cha Wachaga, walikuwa wameshika miteremko ya kusini mashariki ya mlima zaidi ya miaka 300 iliyopita, wakilima migomba kwa mifereji ya maji. Waarusha walikuja baadaye, miaka ya 1830, wakitoka upande wa Arusha Chini, wakizungumza Kimaa na wakishikilia desturi nyingi za wafugaji. Mwanahistoria Thomas Spear, ambaye kitabu chake kuhusu wakulima wa Mlima Meru kilitoka mwaka 1997, ameonyesha jinsi jamii hizi mbili zilivyopigana, zikaoana, zikachukuana mateka, na hatimaye zikafanana katika kilimo huku zikibaki mbalimbali kwa lugha. Angalia sasa sufuria ya loshoro. Ndani yake mna ndizi au mahindi ya mkulima, na mna maziwa ya mgando ya mfugaji, vikapondwa na kuchanganywa mpaka huwezi kuvitenganisha. Chakula cha namna hiyo hakitungwi na watu wanaotazamana kutoka mbali. Mgomba ungeweza kufika kwa Waarusha kwa kuuza na kununua chipukizi. Kujua ni ndizi ipi ya kupikwa na ipi ya pombe, imenywe lini, ichemke kiasi gani kabla ya kupokea maziwa yasije yakakatika, hayo yalifika pamoja na mwanamke aliyeolewa upande wa pili na akaendelea kupika. Kila ndoa ya aina hiyo ilifungua jiko.

Njia ya pili ya kufungua jiko ilikuwa chungu zaidi, nayo ilikuja na ukoloni. Wajerumani walijenga boma la Arusha mwaka 1900, baada ya vita vilivyofuata kuuawa kwa wamisionari wawili huko Akeri mwaka 1896. Baada ya boma wakaja walowezi: Makaburu kutoka Afrika Kusini mwanzoni mwa karne ya 20, Wagiriki wa mashamba ya kahawa, Wajerumani, kisha Waingereza. Wakaja na Wahindi wenye maduka, na mwaka 1929 reli ikafika kutoka Moshi. Karibu kila nyumba ya mlowezi iliajiri mpishi Mwafrika, na nyumba nyingi za wafanyabiashara wa Kihindi ziliajiri msaidizi wa jikoni. Watu hawa hawakupewa vitabu. Walisimama pembeni wakatazama, wakaonja, wakakaripiwa, wakarudia kesho yake. Mpishi aliyehama kutoka nyumba moja kwenda nyingine alibeba barua za sifa za waajiri wake, na nadhani barua hizo zingestahili kuitwa vyeti, maana kila moja ilikuwa ushahidi wa miaka ya mafunzo. Kutoka shambani alihamia hotelini, kutoka hotelini akaenda kwenye kambi za wawindaji na baadaye za watalii. Huko porini ustadi wake ulipimwa upya: mkate uliokuwa ukiokwa kwenye jiko la chuma sasa uliokwa ndani ya debe, makaa chini na makaa juu, na ukatoka umeumuka vilevile. Anayejua kuoka mkate ndani ya debe, upepo ukivuma na fisi wakilia, amekwisha kuwa fundi.

Mpaka wetu na Kenya ulipofungwa Februari 1977, ufundi huo ulipata thamani mpya. Kabla ya hapo safari nyingi za mbuga za kaskazini zilianzia Nairobi. Mpaka ulipofunguliwa tena mwaka 1983, Arusha ilikuwa imelazimika kujifunza kusimama yenyewe, na katika miaka iliyofuata kampuni za utalii zikaongezeka, kila moja ikihitaji mtu wa kumpikia mgeni supu, mkate na keki mahali pasipo na umeme. Wapishi wakongwe wakawa walimu wa vijana. Ndiyo maana leo kijana wa Usa River aliyepanda Mlima Meru kama mpagazi, akapandishwa kuwa msaidizi wa jikoni, kisha mpishi, anaweza kutoa mezani mlo wa Kizungu usio na kasoro bila kuwahi kuvuka mpaka wa nchi. Mnyororo unaomuunganisha na jiko la mlowezi wa mwaka 1920 haujakatika. Na chapati? Hiyo imeshinda yote. Imetoka jiko la Mhindi, ikapita kwa msaidizi wa jikoni, ikaingia mgahawani, ikaingia nyumbani, na leo ni chakula cha sikukuu kwa watu wasiokumbuka kwamba iliwahi kuwa ya mtu mwingine.

Dai lolote la historia linahitaji mfano wa upande wa pili, na Arusha inao mmoja ulio wazi kabisa. Mwaka 1942 wakimbizi wa Poland, wengi wao wanawake na watoto waliotoka uhamishoni katika Muungano wa Kisovyeti kupitia Uajemi, waliletwa Tengeru, karibu na Ziwa Duluti. Walifikia kama 5,000. Walikaa miaka mingi, wengine mpaka mwishoni mwa miaka ya 1940 na zaidi. Walikuwa na shule, kanisa, hospitali na shamba lao. Walikuwa wengi kuliko familia za walowezi waliowazunguka, na walinunua ndizi na matunda kwa majirani zao Wameru. Wameacha makaburi yanayotunzwa mpaka leo na kumbukumbu katika familia za wenyeji. Hawakuacha chakula. Mama lishe wa Tengeru hapiki supu ya viazisukari vyekundu wala vile vipande vya unga vilivyojazwa viazi na jibini ambavyo Wapoland huviita pierogi. Tofauti kati yao na walowezi haikuwa ukarimu wala ladha. Walikuwa wakimbizi, hawakuwa na fedha za kuajiri wapishi, na akina mama wao walipika wenyewe ndani ya kijiji chao. Wingi wa watu na urefu wa miaka havikutosha. Jirani alifika mpaka kwenye ua, akauza mkungu wake, akarudi.

Wachina walikuja Tanzania kwa namna iliyofanana zaidi na Wapoland wa Tengeru kuliko Wahindi wa Arusha. Mapema katika miaka ya 1890 Wajerumani walijaribu kuleta vibarua wa Kichina na wa Kijava kwenye mashamba ya Usambara, jaribio lililoshindwa na lisilofika Meru. Ujio uliotugusa ni wa baada ya uhuru: madaktari waliofika Zanzibar mwaka 1964 na Tanganyika ya zamani mwaka 1968, kiwanda cha nguo cha Urafiki mwaka huohuo, shamba la mpunga la Mbarali, na juu ya yote reli ya TAZARA, kilomita 1,860 kutoka Dar es Salaam hadi Kapiri Mposhi, iliyojengwa kati ya mwaka 1970 na 1975 na kukabidhiwa mwaka 1976. Makumi ya maelfu ya Wachina walipita kwenye kazi hiyo. Walisifika kwa bidii na kwa kutojikweza: mtaalamu alishika sururu pamoja na kibarua. Lakini jioni ikifika walirudi kambini kwao, wakala kilichopikwa na wapishi wao, mboga zikitoka kwenye bustani walizolima wenyewe. Timu za madaktari nazo, kwa desturi ambayo China imeifuata Afrika nzima, zilikuja na mpishi wao kama zilivyokuja na mkalimani wao.

Ninataka kueleweka vizuri hapa, kwa sababu ni rahisi kuigeuza hoja hii kuwa lawama. Majiko hayo yalifungwa kwa sababu ya heshima. Serikali ya China ya wakati ule ilitaka watu wake wasifanane na bwana mkubwa aliyepikiwa na kufuliwa na Mwafrika. Mchina aliyejipikia alikuwa anatangaza kwamba enzi ya watumishi imekwisha, na taifa ambalo mwaka 1967 lilipitisha hapahapa Azimio la Arusha lilikuwa na kila sababu ya kuthamini jambo hilo. Gharama yake, ambayo sidhani kama yeyote aliipigia hesabu, ni kwamba mlango uliomfungia mtumishi ulimfungia pia mwanafunzi. Tulifundishana kupasua mwamba na kulaza mataruma. Vijana wapatao 200 wa Tanzania na Zambia walipelekwa Beijing kusomea reli katika Chuo Kikuu cha Jiaotong cha Kaskazini. Hakuna aliyefikiria kwamba kupika ni elimu inayofaa kuwekwa kwenye mkataba.

Na mbegu je? Mbegu ilipita palepale mlango ulipofungwa. Chini ya Mlima Meru jambo hili lina sura ya pekee, kwa kuwa Kituo cha Mboga cha Dunia, kilichoanzishwa Taiwan mwaka 1971, kilifungua ofisi yake ya kanda ya Afrika hapa Arusha mwaka 1992, karibu na kituo cha utafiti wa mazao ya bustani cha Tengeru. Ushirikiano wa vituo hivyo viwili ulizaa nyanya za Tanya na Tengeru 97, zilizotolewa kwa wakulima mwaka 1997, na uliipa heshima ya kisayansi mnafu, mchicha na ngogwe, mboga ambazo wataalamu wa kikoloni waliziona kama magugu. Wataalamu wa kilimo kutoka nchi nyingi za Afrika wamefundishwa hapo. Hivyo taasisi yenye mizizi katika kisiwa cha wapishi wa Kichina imekaa miaka zaidi ya 30 kilomita chache kutoka soko la Tengeru, ikifanya kazi ya thamani kubwa juu ya mboga zetu, na jinsi ya kukaanga jani kwa dakika mbili haijavuka barabara. Haikuwa kazi yake. Kituo cha mbegu hutoa mbegu.

Msomaji anaweza kunipinga kwa kusema kwamba sababu ni nyepesi kuliko hii: chakula cha Kichina hakikutufaa, au viungo vyake havipatikani, au dini zetu zinakizuia. Nimepima sababu hizo moja moja na sioni kama zinasimama. Tangawizi ipo, vitunguu saumu vipo, karoti na pilipili hoho hujaa soko la Kilombero hapa mjini, mchele wa Magugu hauko mbali, na soya hulimwa kusini mwa nchi kiasi kwamba mwaka 2020 China yenyewe iliruhusu iuzwe kwake. Chupa ya mchuzi wa soya iko kwenye rafu za maduka makubwa. Chombo tunacho pia: karai, tuliloletewa na Wahindi na tunalokaangia sambusa na mihogo, lina tumbo lilelile la mviringo ambalo kikaango cha Kichina kinalo. Nyama ya nguruwe ni kweli haiwafai Waislamu, lakini mji unaokula kitimoto kwa wingi kama Arusha hauwezi kusema ulizuiwa na nguruwe, na isitoshe China ina mamilioni ya Waislamu wa kabila la Wahui, ambao tambi zao za kuvutwa kwa mkono za mji wa Lanzhou, katika supu ya ng'ombe, ni miongoni mwa vyakula vinavyoliwa zaidi nchini mwao. Supu ya ng'ombe si kitu cha kumfundisha mtu wa Arusha.

Kipingamizi chenye uzito ni cha moto. Kukaanga kwa Kichina kunataka joto kali na la ghafla, ilhali jiko la mkaa limeumbwa kwa subira: huchemsha maharage, huivisha ndizi, hulainisha makande. Wanahistoria wa chakula wanaeleza kwamba Wachina walizoea kukata vitu vidogovidogo na kupika haraka kwa kuwa kuni zilikuwa adimu. Sisi wa miteremko ya Meru, wenye misitu juu yetu, hatukusukumwa na haja hiyo mpaka hivi karibuni. Nakubali kwamba jambo hili lilichelewesha. Lakini kuchelewa si kuzuia, kwani jiko la mkaa likipepewa vizuri huchoma mishikaki na hukaanga chipsi mayai kwa kasi ya kutosha, na tanuri la kuokea mkate halikuwapo porini lakini mkate uliokwa. Mpishi aliyefundishwa na mtu hutafuta njia ya kuzunguka upungufu wa chombo. Asiyefundishwa hata ukimpa chombo kamili atapika alichokizoea. Mkakati wa taifa wa nishati safi ya kupikia, unaolenga asilimia 80 ya Watanzania ifikapo mwaka 2034, unaingiza gesi majumbani kwa kasi, na bado ndani ya nyumba zenye gesi chainizi hufunikwa mfuniko uleule.

Wapo watakaosema zama za kukaa jikoni kwa mtu zimepita, kwamba simu sasa inaonyesha kila pishi la dunia. Simu inaonyesha, ndiyo. Haimpi mtu harufu ya mafuta yanapokuwa tayari, wala haimwambii kwamba wali aliokaanga umelowa kwa sababu alitumia wa moto badala ya kiporo kilichopoa. Vitabu vilikuwapo pia wakati wa ukoloni, na havikumfundisha mpishi wa kambini. Aliyemfundisha ni mtu aliyesimama karibu naye. Mfano wa karibu zaidi ni utalii wa kitamaduni ulioanzishwa mwaka 1995 na Bodi ya Utalii Tanzania pamoja na shirika la Kiholanzi la SNV, ambapo vijiji kama Ng'iresi na Mulala hupokea wageni na kuwaonyesha maisha, chakula kikiwamo. Mgeni anaondoka ameonja, amepiga picha, amejua jina la alichokula. Mapato yamebaki kijijini, na hilo ni jema. Ila kwa saa chache hakuna anayeondoka akijua kupika ndizi, kama ambavyo Mtanzania aliyefanya ziara ya wiki moja Guangzhou hatarudi mpishi. Wahenga walimpa mgeni jembe siku ya tatu, na nahisi walijua kwamba elimu ya ugenini huanza pale mgeni anapoanza kufanya kazi za nyumba.

Je, ninasema basi kwamba utumishi wa kikoloni ulikuwa na faida ambayo tunapaswa kuitamani? Hapana, na nalipinga wazo hilo kwa nguvu zote. Mshahara wa mpishi ulikuwa mdogo, mzee wa miaka 50 aliitwa boi, na alichojifunza alikipata licha ya mfumo ule. Kilichofundisha kilikuwa ukaribu, na ukaribu unaweza kupatikana bila unyonge, kama ndoa za Wameru na Waarusha zilivyoonyesha mapema zaidi.

Kwa sababu hiyo ninaitazama miaka hii kwa matumaini ambayo miaka ya TAZARA haikuyatoa. Safari zimegeuka upande. Wafanyabiashara wa Kitanzania wamekuwa wakienda Guangzhou tangu mwanzoni mwa karne hii, ndege ya shirika letu inatua huko, na wanafunzi wetu wanakaa miaka mitatu, minne, mitano katika miji ya China, wakipanga vyumba, wakinunua mboga sokoni, wakipika na wenzao katika jiko moja la bweni. Huo ndio muda ambao upishi unahitaji. Hapa nyumbani nako mwajiri Mchina si tena mtaalamu wa serikali anayelala kambini: ni mwenye mgahawa mjini, ni mkandarasi wa barabara, ni mjenzi wa uwanja wa Olmoti unaosubiriwa kwa AFCON ya mwaka 2027. Katika mgahawa wa Kichina mikono inayokata tangawizi vipande vyembamba kama vijiti vya kiberiti ni ya vijana wa hapa. Wanajifunza kama alivyojifunza mpishi wa mlowezi, isipokuwa wao wana mkataba na wanaweza kuondoka wakafungua kibanda chao. Vyuo vyetu vya hoteli, pamoja na kile cha VETA cha Njiro, vingefanya vyema kuwaita mafundi hao wafundishe, kwa kuwa misingi ya Ulaya inayotawala mafunzo ya hoteli si misingi pekee ya upishi duniani.

Na kama ningeulizwa jaribio hili lianzie wapi, ningeonyesha mlimani. Kwenye kibanda cha Saddle, mita 3,570 juu ya usawa wa bahari, maji huchemka kwenye nyuzi 88 hivi, na kila mpishi wa Meru anajua taabu yake: wali hubaki na kiini, viazi hukataa kuiva, maharage hayafai hata kujaribiwa bila sufuria ya presha. Mafuta hayana shida hiyo. Hupata joto kule juu kama yanavyopata Tengeru. Nyama iliyokatwa nyembamba, chainizi, karoti na wali uliopikwa kwenye lango la Momella ukabebwa umepoa vingeweza kutoka kwenye karai la gesi kwa dakika tano, vya moto, kwa wapandaji, Wachina wakiwamo. Anayepaswa kumwonyesha mpishi huyo namna ya kuvirusha yuko mjini tayari, umbali wa daladala moja, na jiko lake safari hii liko wazi.